Je, wajua kwa nini anwani ya Bitcoin (mfuatano wa herufi na namba unaotumiwa kupokea sarafu hiyo) ikikosewa herufi moja pochi, yaani programu ya kutunza na kutuma sarafu, huikataa?

Chukua anwani inayohusishwa na zawadi ya bloku (fungu la miamala) ya kwanza ya Bitcoin, ya Januari 3, 2009: 1A1zP1eP5QGefi2DMPTfTL5SLmv7DivfNa. Badilisha a ya mwisho iwe b, kisha uibandike kwenye pochi. Hata simu ikiwa haina intaneti, pochi itaikataa papo hapo. Haijauliza popote, jibu limo ndani ya anwani yenyewe.

Chanzo cha anwani ni ufunguo wa siri, namba ya biti 256 iliyochaguliwa kwa bahati nasibu. Namba hiyo huzaa ufunguo wa umma, nao hupitishwa kwenye heshi (hesabu inayogeuza data kuwa alama fupi isiyorudishika nyuma) ya SHA-256, halafu nyingine iitwayo RIPEMD-160, zikabaki baiti 20. Mbele yake huwekwa baiti moja ya kutambulisha aina ya anwani. Baiti hizo 21 hupigwa SHA-256 mara mbili, na baiti 4 za mwanzo za matokeo huungwa mkiani. Hizo ndizo za ukaguzi: pochi hurudia hesabu hiyo, na mkia usipolingana, anwani haipiti. Uwezekano wa kosa la bahati mbaya kupenya ni 1 kati ya 4,294,967,296.

Mwisho, baiti zote 25 huandikwa kwa alama 58 tu. Sifuri, O kubwa, I kubwa na l ndogo zimeachwa kwa makusudi, maana macho huzichanganya. Anwani mpya zinazoanza na bc1 zina ukaguzi bora zaidi: herufi 6 za mwisho hunasa kwa uhakika herufi zozote 1 hadi 4 zilizobadilishwa.

Ethereum, mtandao mwingine wa sarafu za kidijitali, ilianza bila kinga hiyo. Anwani yake ni 0x na alama 40, na tangu 2016 ukaguzi umefichwa kwenye mpangilio wa herufi kubwa na ndogo. Kwa hiyo usiandike anwani yote kwa herufi ndogo. Ukifanya hivyo umeufuta ukaguzi.

Lakini ukaguzi huu hunasa kosa la mkono, haumnasi mwizi. Ukituma pesa kwa simu, jina la mpokeaji hutokea kabla hujathibitisha. Huku hakuna jina. Watu wengi hutazama alama 4 za mwanzo na 4 za mwisho, wakaridhika. Kwenye Ethereum alama hizo 8 zina michanganyiko 4,294,967,296, ile ile namba iliyotajwa hapo juu. Kwa kosa la bahati mbaya ni ukuta. Kwa mwizi mwenye kadi nzuri ya michoro (kifaa cha kompyuta kinachofanya hesabu nyingi kwa pamoja) ni kazi ya muda mfupi. Hutengeneza anwani halali inayofanana na ya rafiki yako kichwa na mkia, kisha hukutumia muamala wa thamani sifuri au kiasi kidogo sana ili anwani hiyo ikae kwenye historia yako, akisubiri uinakili. Mei 2024 mtu mmoja alituma hivyo WBTC (tokeni inayowakilisha Bitcoin kwenye Ethereum) 1,155, zenye thamani ya takriban dola milioni 70. Nyingi zilirudishwa baadaye, jambo ambalo ni nadra mno.

Kwa hiyo usinakili anwani kutoka kwenye historia ya miamala, hasa baada ya kutuma kiasi kidogo cha majaribio, kwani huo ndio wakati mtego hutegwa. Ihifadhi kwenye kitabu cha anwani cha pochi, na linganisha alama za katikati pia. Zitazame tena baada ya kubandika, kwa sababu zipo programu hasidi zinazobadilisha ulichonakili.

Ukaguzi pia haujui mtandao. Anwani ya Tron, mtandao mwingine wa sarafu, huanza na T, hivyo pochi ya Ethereum huikataa. Ila Ethereum, BNB Smart Chain na Polygon zote hutumia muundo wa 0x: USDT (sarafu ya kidijitali inayofuata thamani ya dola) ikitumwa kupitia mtandao ambao soko la sarafu analotumia mpokeaji haliupokei, muamala utakamilika bila kosa lolote, na salio lake lisiongezeke.