Mnato si uzito

Juzi nimemsikia tena mtu akieleza kwamba oili ya injini humiminika polepole kwa sababu "ni nzito kuliko maji". Imimine juu ya maji uone: inaelea. Lita ya maji ina kilo 1 hivi, na lita ya oili haifikii hapo. Kinachoichelewesha ni mnato, yaani ukinzani wa ndani wa kimiminika pale tabaka zake zinapoteleza moja juu ya nyingine.

Nadhani kosa limeanzia kwenye neno "nzito", ambalo tunalitumia kwa mambo mawili: kinachoelemea mzani, na kisichomiminika upesi. Katika mazungumzo ya kila siku halina ubaya. Kwenye fizikia linapotosha vibaya. Lita moja ya zebaki ina zaidi ya kilo 13, lakini mnato wake unazidi ule wa maji kwa nusu tu. Glisirini, ambayo lita yake haifiki hata kilo 1.3, kwenye nyuzijoto 20 ina mnato unaozidi wa maji mara elfu na zaidi.

"Mnato" limetokana na kunata. Walatini nao walikuwa na neno viscum, jina la mmea ambao matunda yake yalitengenezewa ulimbo wa kunasia ndege, na humo ndimo lugha za Ulaya zilikopata jina la mnato. Inanifurahisha kwamba sisi na wao tuliona jambo lilelile. Hata hivyo, kunata ni kushikamana na kitu kingine, kama gundi na kidole. Mnato ni kimiminika kujizuia chenyewe kwa chenyewe.

Kuna tofauti kubwa zaidi. Densiti, yaani kilo zilizomo katika kila lita, utaipima kimiminika kikiwa kimetulia chupani. Ili mnato ujionyeshe, kitikise, kisukume, kitiririke. Nishati unayotumia inageuka joto, wala hairudi. Ndiyo maana mnato una makao yake katika themodinamiki (elimu ya joto na nishati) ya vitu visivyo kwenye msawazo, yaani ambavyo bado havijatulia, taaluma ambayo mwanasayansi Lars Onsager aliijengea msingi mwaka 1931, akapewa Nobel ya Kemia mwaka 1968.

Tena si kila kimiminika kina mnato wa namba moja. Maji yanafuata dhana aliyoiandika Newton mwaka 1687, kwamba ukinzani unaongezeka sawia na kasi ya tabaka kuachana. Damu haifuati, na rangi nyingi za ukutani hazifuati: brashi ikipita rangi inalegea, ikiachwa inakaza kabla haijachuruzika. Dawa ya meno haisogei kabisa mpaka uikamue vya kutosha. Kwa vimiminika changamano kama hivi, anayeuliza "mnato wake ni kiasi gani?" aulizwe kwanza: ukikisukuma kwa kasi gani?

Oili endelea kuiita nzito, fundi atakuelewa. Ila ile namba 40 kwenye kopo ni daraja la mnato, na mtoto akikuuliza kwa nini oili inachelewa kushuka, usimwambie ni kwa sababu ya uzito.