Je, wajua kwa nini picha zilizookotwa hufuata mdundo zisioujua?

Ukiingia katika kibanda cha video mjini Kampala, utamsikia vijei akiifasiri filamu ya kigeni kwa Kiluganda, akichomeka utani na majina ya mitaa ambayo mwongozaji hakupata hata kuyasikia, na baada ya dakika chache maneno yale huonekana yakitoka kinywani mwa mwigizaji mwenyewe. Wasanii wa video za majaribio, wanaookota vipande vya habari za zamani, matangazo na filamu zilizosahauliwa na kuviunga upya juu ya muziki wa kielektroniki, hutegemea jambo hilohilo: ubongo ukipokea sauti na picha kwa wakati mmoja, huzihesabu kuwa tukio moja.

Mmarekani Bruce Conner alilionyesha jambo hili mwaka 1976 katika kazi yake Crossroads, aliyoitengeneza kwa picha za serikali za jaribio la bomu la atomiki lililolipuliwa chini ya maji katika visiwa vya Bikini, Bahari ya Pasifiki, tarehe 25 Julai 1946. Ngurumo zinazosikika katika sehemu ya kwanza zilitengenezwa na mwanamuziki Patrick Gleeson kwa sinthesaiza, ala ya kielektroniki inayounda sauti, lakini mtazamaji asiyeambiwa yuko radhi kuapa kwamba amelisikia bomu lenyewe.

Muziki wa kielektroniki hurahisisha kazi kwa kuwa mapigo yake hayayumbi. Katika video ya fremu 25 (yaani picha moja moja zinazoiunda) kwa sekunde, muziki wa mapigo 125 kwa dakika humpa msanii fremu 12 kamili kwa kila pigo, naye hukata picha penye pigo bila taabu. Akichukua singeli, muziki wa Dar es Salaam ambao Nyege Nyege Tapes, lebo (kampuni ya kutoa muziki) ya Kampala, imeufikisha mbali, mapigo hufika 200 na zaidi, na kwa 200 kila pigo huangukia fremu saba na nusu. Nusu fremu haikatiki (wengi hugundua hili usiku wa manane), kwa hiyo kipande kimoja hupewa fremu saba na kinachofuata nane.

Kasoro hiyo ya sehemu 20 za elfu za sekunde haionekani, hasa sauti inapochelewa badala ya kutangulia, kwa maana tangu utotoni tumezoea kumwona mpasua kuni ng'ambo ya bonde akishusha shoka kwanza, kisha mlio ukatufikia baadaye.