Urefu wa filamu za Lav Diaz hautokani na kushindwa kuhariri
Wengi wakisikia kwamba filamu za Lav Diaz, mwongozaji huru wa Ufilipino aliyezaliwa Mindanao mwaka 1958, huchukua saa nne, nane au hata zaidi, husema kwamba hajui kukata picha. Dhana hiyo si sahihi, na inamnyima mtazamaji jambo kubwa. Katika filamu yake Ang Babaeng Humayo, iliyotwaa Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Venice, mwaka 2016, Horacia, mwalimu aliyefungwa miaka 30 kwa kosa asilolitenda, huzungumza usiku na muuza balut, yaani mayai ya bata yaliyoatamiwa. Kamera imetulia mahali pamoja, nasi tunakaa nao gizani mpaka tuanze kuhisi uzito wa miaka aliyoporwa. Mkato wa haraka ungetupa habari tu. Vivyo hivyo Mula sa Kung Ano ang Noon ya mwaka 2014, yenye dakika 338, inaonyesha kijiji kikisambaratika polepole kuelekea sheria ya kijeshi ya Rais Ferdinand Marcos wa Ufilipino ya mwaka 1972, kwa kuwa hofu haikuingia humo kwa siku moja. Wala si kweli kwamba yeye hupiga picha nyeusi na nyeupe daima: Norte, Hangganan ng Kasaysayan ya mwaka 2013 ni ya rangi.