Kanisa la Pembenane la Heptonstall: Jengo Lililopimwa kwa Sikio

Heptonstall ni kijiji cha mawe kilichokaa juu ya mlima huko Yorkshire, kaskazini mwa Uingereza. Kina gofu la kanisa la zamani la parokia, lililoharibiwa na dhoruba mwaka 1847. Hatua chache kutoka hapo lipo kanisa la Wamethodisti lililoanza kujengwa mwaka 1764, miongoni mwa makanisa yao ya kale zaidi duniani. Kuta zake ndizo zinazowashangaza wageni, maana badala ya kukutana kwa pembe nne zimekatwa kwenye kona zote, hivyo jengo lina pande nane. Nadhani umbo hilo linaeleza Umethodisti wa mwanzo kuliko hotuba nyingi.

Watu wa milima ile waliishi kwa kusokota na kufuma sufu majumbani mwao. Mahubiri ya uamsho yaliwafikia kupitia William Darney, mchuuzi kutoka Uskoti aliyehubiri huku akiuza bidhaa, na William Grimshaw, kasisi wa Haworth, aliyewakaribisha wahubiri wa namna hiyo wakati makasisi wengi waliwafungia milango. John Wesley mwenyewe, mwanzilishi wa Umethodisti, alifika mwaka 1747. Kwa miaka mingi waumini walikutana katika nyumba za watu, mpaka nyumba hizo zikawa hazitoshi.

Walichojenga hawakukiita kanisa. Wesley alikuwa kasisi wa Kanisa la Anglikana hadi kufa kwake mwaka 1791, na alitaka watu wake waendelee kushiriki Meza ya Bwana kwenye parokia zao. Jengo lao lilikuwa “nyumba ya kuhubiria”. Halikuhitaji mnara, kengele wala ukumbi mrefu wa maandamano ya kuelekea madhabahuni. Lilihitaji mtu mmoja asimame mimbarini na kila aliyemo amsikie, hata yule mama aliyebanwa karibu na mlango akiwa na mtoto mgongoni.

Mwaka 1757 Wesley alikuwa ameonyeshwa jengo la pembenane la Wapresbiteri mjini Norwich, lililokamilika mwaka uliotangulia. Aliandika katika shajara yake kwamba huenda lilikuwa zuri kuliko yote ya aina yake Ulaya, kisha akajiuliza Injili ya kale isiyo na mapambo ingepataje kuingia mahali pa kifahari namna ile. Akachukua umbo, akaacha fahari. Baadaye aliwaagiza wahubiri wake wajenge kwa pembenane popote kiwanja kinaporuhusu, akisema ndilo umbo linalofaa zaidi kwa sauti. Viti viwe mabenchi yasiyo na egemeo, na wanaume wakae mbali na wanawake.

Faida ya umbo hilo inaweza kupimwa. Chukua urefu uleule wa ukuta, ujenge mraba, kisha ujenge pembenane yenye pande sawa: pembenane itakupa sakafu kubwa zaidi kwa takriban asilimia 20. Wasikilizaji nao humzunguka mhubiri, hivyo wa nyuma kabisa hawi mbali sana. Kwa watu waliochangishana senti za jasho lao, kuokoa mawe na kazi ya fundi lilikuwa jambo zito.

Hapa ndipo ninapopenda kukaa kidogo, kwa sababu wengi hudhani usahili wa majengo haya ulitokana na umaskini tu. Wesley alitoa sababu nyingine waziwazi. Nyumba zijengwe kwa usahili na kwa heshima, wala zisizidi gharama isiyoepukika. La sivyo matajiri watakuwa wa lazima kwetu, tutawategemea, na mwishowe watatutawala. Benchi lisilo na egemeo, kwa hiyo, lilikuwa pia suala la nani atakuwa na kauli ndani ya nyumba ile. Hofu hiyohiyo imo katika hati ya mfano ya mwaka 1763, yaani hati ya umiliki ya kuigwa na kila nyumba ya kuhubiria, iliyowapa wadhamini kazi ya kutunza jengo lakini si mamlaka ya kumchagua mhubiri. Uteuzi ulikuwa wa Wesley, na baada yake wa Konferensi, yaani mkutano wa wahubiri wa Kimethodisti.

Kazi ngumu ilikuwa paa. Kenchi za pembenane hazifanani na za nyumba ya kawaida, kwani mbao hukutana katikati kutoka pande nyingi na kila kiungo hutaka kipimo chake. Wamethodisti wa Rotherham walikuwa na jengo la namna hiyo tayari, na masimulizi ya Heptonstall yanasema paa lao lilitengenezwa huko, likaletwa vipande vipande juu ya migongo ya farasi kwa njia za milimani. Wesley hakusubiri liezekwe. Mwaka huohuo wa 1764 alihubiri ndani ya kuta tupu.

Udhaifu wa pembenane huonekana waumini wanapoongezeka, kwa sababu haina upande unaoweza kusogezwa bila kuharibu umbo zima. Mwaka 1802 watu wa Heptonstall waliamua kubomoa upande mmoja, wakarefusha kuta mbili, kisha wakaujenga upya ule upande uliobomolewa mbele zaidi. Matokeo yake ni pembenane iliyonyooshwa, yenye pande mbili ndefu kuliko nyingine.

Mahali kuta za zamani na mpya zinapokutana huitwa kiungo cha ujenzi, nacho ni ushahidi kama ilivyo hati. Wanaotunza makanisa ya kale ya vijijini tunawaomba wapige picha viungo hivyo na kuvipima kabla ya ukarabati wowote. Vilevile wasizibe ukuta wa mawe uliojengwa kwa chokaa kwa kutumia saruji. Chokaa huruhusu unyevu kutoka. Saruji huuzuia ndani, na mawe huanza kumomonyoka. Daftari za wadhamini, hati za kiwanja na risiti za mafundi zihifadhiwe pamoja mahali pakavu, zikiwa zimenakiliwa.