Plastiki ni mafuta na gesi: inavyotengenezwa na inavyochafua

Tanzania ilipiga marufuku mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa Juni 1, 2019, takriban miaka miwili baada ya Kenya. Tangu hapo watu huzungumzia zaidi mitaro iliyoziba na ng'ombe waliokula mifuko. Ni kweli, lakini karibu asilimia 90 ya gesijoto inayotokana na plastiki duniani huingia angani wakati wa kuitengeneza, kabla mfuko haujafika dukani.

Malighafi yake kuu ni mbili. Ya kwanza ni nafta, kimiminika chepesi kinachotenganishwa na mafuta ghafi kwenye kiwanda cha kusafishia. Ya pili ni ethani, gesi inayopatikana ikiwa imechanganyika na methani kwenye visima. Gesi yetu ya Songo Songo na Mnazi Bay karibu yote ni methani: inafaa sana kufua umeme, lakini kuigeuza kuwa plastiki ni kazi ndefu na ghali. Ndiyo maana viwanda vyetu huagiza plastiki ghafi kutoka nje, zikiwemo nchi za Ghuba, ambako ethani ni nyingi.

Kazi ngumu zaidi hufanyika kwenye tanuru. Ethani au nafta huchanganywa na mvuke wa maji, ikapitishwa kwenye mabomba yenye joto la nyuzi 800 hadi 850 za Selsiasi. Humo molekuli hukatika na kutoa ethilini. Haikai hata sekunde moja. Hupozwa papo hapo, kwa sababu ikichelewa huendelea kuvunjika na kuacha kaboni ngumu ndani ya mabomba. Kaboni hiyo huzuia joto kupenya, basi kila baada ya muda tanuru husimamishwa ili mabomba yasafishwe kwa mvuke na hewa. Gesi iliyotoka kwenye tanuru hupoozwa hadi chini ya nyuzi 100 hasi ili ethilini itenganishwe na gesi nyingine, maana huwa kimiminika kwenye nyuzi 104 hasi. Kupasha kiasi hicho kisha kugandisha kiasi hicho kunakula nishati nyingi, na nishati hiyo nayo kwa kawaida hutoka kwenye mafuta na gesi.

Ethilini huunganishwa kuwa minyororo mirefu, ndiyo polithini. Kwa mgandamizo wa mara 1,000 hadi 3,000 ya ule wa hewa ya kawaida, minyororo huota matawi na plastiki hutoka laini, yenye kunyumbulika. Mwanakemia Mjerumani Karl Ziegler alionyesha mwaka 1953 kwamba kichocheo sahihi huwezesha kazi hiyo kwa mgandamizo mdogo. Minyororo ikanyooka, plastiki ikawa ngumu zaidi. Ule mfuko mwembamba uliokuwa ukitoa kelele za kukwaruza, rambo, ulikuwa wa aina hii ya pili, sawa na dumu.

Plastiki husafirishwa ikiwa punje ndogo kama dengu. Punje zikimwagika hazikusanyiki. Meli ya X-Press Pearl ilipoungua na kuzama karibu na Colombo mwaka 2021, takriban tani 1,680 ziliingia baharini na kufunika fukwe za Sri Lanka.

Plastiki ikitupwa juani, mionzi na oksijeni hukata minyororo. Inakauka, inapasuka, inakuwa vipande vya chini ya milimita 5 ambavyo samaki huviona kama chakula. Haijaoza, imegawanyika tu. Chini ya mchanga au kwenye maji yenye kina, pasipo jua, hata huko kupasuka huchukua muda mrefu zaidi.

Kuchoma nako si suluhisho. Kilo moja ya polithini ikiungua yote hutoa kilo 3.1 za hewa ukaa, kwa kuwa asilimia 86 ya uzito wake ni kaboni. Anayewashia jiko la mkaa kwa kipande cha mfuko hupata moto usioungua vizuri, hivyo huongeza masizi na kaboni monoksaidi jikoni. Hatari zaidi ni PVC, yaani bomba na maganda ya nyaya yanayochomwa ili kupata shaba: hutoa tindikali ya hidrokloriki na huweza kutoa dioksini, ambazo ni sumu kali.

Kati ya plastiki yote iliyogeuka taka duniani hadi 2015, ni asilimia 9 tu iliyorejelezwa. Kikwazo kikubwa ni mchanganyiko. Chupa za maji (PET) huyeyushwa kwenye nyuzi 260 hivi. PVC kidogo ikiingia humo huungua na kuharibu shehena nzima. Kutenganisha baadhi ya aina si kugumu: kata kipande cha ukubwa wa kucha, kitumbukize kwenye maji yenye tone la sabuni, kisha kibonyeze ili mapovu yatoke. Polithini na polipropilini (plastiki ya viroba) huelea. PET na PVC zote huzama, hivyo kipimo hiki hakizitofautishi. Kwa hiyo chupa huzama na kizibo chake huelea. Vitenganishe kabla ya kumuuzia mnunuzi.

Kuhusu ile mifuko mbadala inayofanana na kitambaa: mingi ni polipropilini, nyuzi zilizobanwa kwa joto bila kufumwa. Ni plastiki, na ina malighafi nyingi kuliko rambo, hivyo faida yake ipo pale tu inapotumika tena na tena. Inapoanza kutoa vumbi la nyuzi, iondoe kwenye matumizi na uipeleke kwa wanunuzi wa polipropilini pamoja na viroba vya unga.