Habari za sinema bubu: imerekodiwa, lakini je, ilitokea?

Wageni wanaokuja kwetu kuangalia filamu za zamani wana neno lao moja, "hii sio stori bana, imerekodiwa kabisa". Mi huwa nawauliza, mnajua kuna mfalme alivikwa taji kwenye filamu kabla hajavikwa kanisani?

Ni Edward wa 7 wa Uingereza, 1902. Kamera hazikuruhusiwa kurekodi ibada ndani ya Westminster Abbey, kanisa la London wanapovikwa taji wafalme, sasa mfanyabiashara Charles Urban akamwagizia kazi mtengeneza filamu Georges Méliès kule Ufaransa, jamaa akachora na kujenga kanisa lake pale Montreuil, karibu na Paris, mfalme akaigizwa na mhudumu wa nyumba ya kufulia nguo (kafanana naye kweli). Sherehe ilipangwa 26 Juni, mfalme akashikwa na kidole tumbo, akapasuliwa, ikasogezwa hadi 9 Agosti tena ikafupishwa, ila filamu ilishaiva zamani. Kwa hiyo watazamaji wakaona mpaka vipengele ambavyo kanisani vilirukwa!

Na sio yeye tu, vita ya Marekani na Hispania 1898 watengeneza filamu kina Blackton na Smith walisimulia wenyewe walivyoipiga picha juu ya meza, meli za picha za kukata zinaelea kwenye maji, moshi wa mizinga ni wa sigara.

Habari za kila wiki kwenye sinema zilikuja baadaye, kampuni ya filamu ya Pathé walianza Paris 1908, Uingereza 1910, Marekani mwaka uliofuata. Sauti hamna, kuna piano ukumbini na kadi ya maandishi kabla ya picha, na kwa maoni yangu hiyo kadi ndo ilikua mtangazaji, ukiibadilisha tu habari inageuka.

Ila kuna siku ukweli uliwaingilia wenyewe. Epsom, Uingereza, 4 Juni 1913, kamera zimeenda kufuata mbio za farasi, mara Emily Wilding Davison, mpigania kura ya wanawake, akapita chini ya uzio akamkabili farasi wa mfalme wa wakati huo, George wa 5. Alifariki siku 4 baadaye. Alitaka nini hasa, mpaka leo watu wanabishana na picha haijibu. Kamera za enzi hizo unazungusha kwa mkono, kama mizunguko miwili kwa sekunde, picha 16. Ukiangalia vizuri utaona farasi wa nyuma wanamalizikia kupita, mpiga picha bado anazungusha, na watu wanamiminika uwanjani.