Weldy Walker: mechi 5 na barua moja

Kwenye takwimu za ligi kuu ya besiboli Marekani, Weldy Walker, Mmarekani mweusi, amepewa mstari mmoja tu: mwaka 1884, klabu ya Toledo Blue Stockings, mechi 5, zamu 18 za kupiga, mapigo salama 4, wastani wa mapigo kwa zamu 0.222. Ukifungua ukurasa wa 1885 humwoni. Sisi tunaoishi na takwimu hizi tunajua zamu 18 hazimpimi mtu. Hata mpigaji hodari hupitiwa na wiki mbaya kuliko hiyo.

Alicheza uwanja wa nje, kule nyuma kabisa, ambako wachezaji watatu hugawana eneo kubwa wakiwinda mipira ya juu. Enzi zile wengi waliidaka kwa mikono mitupu. Vikosi navyo vilikuwa vidogo. Wakiumia wawili watatu, klabu ilichukua aliye karibu. Weldy alikuwa karibu: kaka yake, Moses Fleetwood Walker, ndiye aliyekuwa mdakaji wa Toledo, yule anayechuchumaa nyuma ya mpigaji kupokea mipira ya mrushaji. Julai 1884 akaingia uwanjani.

Toledo ilikuwa kwenye American Association, inayohesabiwa leo kuwa ligi kuu. Baada ya ndugu hawa wawili, hakuna Mmarekani aliyejulikana waziwazi kuwa mweusi aliyecheza ligi kuu hadi Jackie Robinson, mwaka 1947. Msitafute kifungu cha kanuni kilichowafungia mlango. Huko juu watu walielewana kimyakimya. Ligi za chini ndizo zilizothubutu kuweka wazi: Julai 1887 International League iliamua kutowapa weusi mikataba mipya. Mwaka huohuo Weldy alikuwa akichezea Akron, katika ligi ya jimbo la Ohio.

Machi 1888 ligi hiyo ya Ohio, sasa ikiitwa Tri-State, ilipowakataa weusi, Weldy alimwandikia rais wa ligi barua ya wazi, na gazeti la Sporting Life likaichapisha. Kwangu mimi barua hiyo ina uzito kuliko mechi zake zote. Hakuomba huruma. Alisema mchezaji akataliwe kwa kukosa uwezo, tabia au akili, wala si kwa rangi, na kwamba kanuni hiyo inazidhihaki sheria za Ohio zinazowatambua watu wote kuwa sawa. Kisha akawachoma: kama hamtaifuta, basi tungeni na nyingine, iwe kosa la jinai kwa mweusi, mwanamume au mwanamke, kukutwa kwenye uwanja wa besiboli. Maana pesa zao za kiingilio zilikuwa hazibaguliwi!

Baadaye ndugu hao walihariri gazeti huko Steubenville, Ohio, na mwaka 1908 Fleetwood akatoa kijitabu kilichowahimiza weusi wahamie Afrika. Weldy alikuwa naye katika kazi hiyo. Hakuna kati yao aliyehama. Weldy alifariki mwaka 1937, na kwa maoni yangu safari yake, kutoka kubishana na viongozi wa ligi hadi kuikatia tamaa Marekani yenyewe, inastahili utafiti mrefu kuliko zile zamu 18.